Nipe Mmea Unaokufa Haraka

Lori la taka husikika kabla halijaonekana. Jioni ile wimbo wake mwembamba wa kengele ulikata kona ya soko, ukapanda ghorofa baada ya ghorofa, na milango ya jengo zima ikaanza kufunguka. Jua lilikuwa linazama upande wa bandari ya Kaohsiung, lakini kuta zilikuwa bado zinatoa joto. Tseng Pao-yun alishuka kutoka ghorofa ya tano na kimfuko chake mkononi. Kilikuwa chepesi hata kikamtia haya. Taka za mtu mmoja hazijazi mfuko, kwa hiyo alishuka mara moja tu kwa wiki, akasimama kando ya wenzake waliokuja na mifuko ya familia.

Alikuwa na miaka sitini na mitatu. Mume alikwishatangulia. Binti yake, Ching-wen, aliishi Taipei, na alipiga simu kila Jumapili, dakika kumi, au kumi na tano kukiwa na habari ya ugonjwa wa mtu.

Penye nguzo ya mlango mkubwa bwana mmoja alikuwa akihangaika na vyungu vya maua. Pao-yun alimtambua. Ni mtoto wa Bibi Ou, jirani yake wa ukuta kwa ukuta, aliyezikwa juzi. Watu wa lori walikataa kupokea vyungu vyenye udongo, basi yule bwana akaviacha pale pale, akaingia garini, akaenda zake bila kuaga mtu.

Pao-yun alikiinua kilichokuwa kidogo kuliko vyote. Waridi la jangwani, shina limetuna chini kama kitumbo cha mtoto, maua mekundu yamejaa. Kufa kufaana, alijisemea. Kisha akaona vibaya kwa kusema hivyo.

Shinani palikuwa pamefungwa utepe wa kitambaa cheupe kilichochakaa. Alidhani ni wa kuushikiza mmea ulipokuwa mchanga. Akaufungua kwa kucha, akautia kwenye mfuko wake, akautupa mfuko ndani ya lori. Lori likaondoka na wimbo wake.

Kosa lilikuwa hapo.

Inafaa ujue Bibi Ou alikufaje. Alianguka ndani mwake mwezi wa sita, mlango umefungwa, akakaa hapo siku kumi na moja. Hakuna aliyegonga. Nani angegonga, na roshani yake ilikuwa inawaka maua? Upande ule wa jengo unatazama magharibi. Jua huingia mchana halitoki mpaka lizame, vigae vinaunguza nyayo, na Bibi Ou, ambaye alikuwa mjuzi wa mambo hayo, alipanda vitu visivyojali kiu. Mshubiri. Bogonvilia. Waridi la jangwani. Mwenyewe alikuwa anaoza sakafuni, na maua yake yanawachekea wapita njia.

Pao-yun aliisikia harufu siku ya sita. Alisema ni tofu ya mtu, ile ya kuchachushwa inayonuka. Alifunga dirisha, akawasha udi. Polisi walipovunja mlango alisimama ngazini na mkono mdomoni, na wazo moja likamwingia, halikutoka tena. Na mimi je? Mimi nitakaa siku ngapi?

Kwa hiyo asubuhi baada ya kuliokota waridi lile alikwenda kwa A-kim, mwanamke aliyeuza miche nyuma ya soko, mikono yake imejaa udongo mpaka kwenye viwiko.

"Roshani yako inatazama wapi, mama?"

"Magharibi. Ghorofa ya tano."

"Basi hapo unafuga jua. Nikupe mshubiri na bogonvilia. Hizo hata ukizisahau mwezi mzima hazikununii."

"Hizo sitaki. Nipe mmea unaokufa haraka."

A-kim aliacha kunyunyiza maji. "Wenzako wanakuja hapa kunililia kwamba mimea inakufa. Wewe unakuja kuagiza msiba?"

Pao-yun alitazama chini. "Nataka ambao usipopata maji siku moja unalala. Mtu akiwa barabarani aone. Nikianguka... nataka mmea utakaosema."

A-kim hakutania tena. Alimpa vyungu vitatu vya mnanaa na kimoja cha matembele. "Huu mnanaa kwa jua lako ukikosa maji asubuhi, jioni umelala kama nguo. Uweke nyuma ya neti ya kivuli. Umwagilie alfajiri na magharibi. Saa sita mchana usithubutu. Maji yanachemka chunguni, mizizi inaiva kama tambi."

Mzee Hung alikaa chini kabisa, karibu na nguzo, na kila lori lilipokuja yeye ndiye alikuwa wa kwanza kusimama na wa mwisho kuondoka, maana naye hakuwa na pa kwenda. Pao-yun alimwonyesha roshani yake kwa kidole.

"Kila jioni nitazamie mnanaa ule, Mzee. Ukiona umelala, njoo ugonge."

"Na kama ni wewe uliyelala?"

"Ndiyo sababu nakwambia ugonge."

Mzee akacheka mpaka akakohoa. Lakini alikubali, na tangu siku ile hakukosa kuinua kichwa.

Siku nne zikapita vizuri. Alfajiri alimwagilia, magharibi alimwagilia. Waridi la Bibi Ou alilipanga mwisho, penye jua kali. Siku ya tano alijilaza baada ya chakula. Mchana jengo zima hulala, hata watoto, hata mbwa wa ghorofa ya pili.

Alizinduka saa sita na kitu.

Chapa... chapa... chapa...

Ndara za plastiki juu ya kigae. Kisha bati likakwaruza. Kisha maji yakaanza kudondoka.

Alidhani ni roshani ya jirani. Halafu akakumbuka jirani wa upande ule ni nani.

Alikaa kitandani bila kupumua mpaka kukawa kimya. Alipofungua mlango wa roshani, joto lilimpiga usoni. Hapakuwa na mtu. Vyungu vyote vilikuwa vimelowa, maji yanatambaa kati ya vigae. Alichovya kidole. Saa sita ya mwezi wa saba, juu ya kigae kinachoweza kukaanga yai, na maji yale yalikuwa ya baridi.

Alinusa kidole. Maji ya kuoshea mchele, yaliyokaa mpaka yakachacha. Bibi Ou hakumwagilia kitu kingine maisha yake yote. Aliyabeba kwenye kopo la maziwa alilolitoboa kwa msumari, na Pao-yun alikuwa akilisikia kopo lile ng'ambo ya ukuta kwa miaka kumi na tisa.

Mimea haikuiva mizizi. Ilinawiri.

Alirudi kwa A-kim, akamweleza kwa sauti ya chini, kama mtu anayeeleza ugonjwa wa aibu. A-kim alimsikiliza mpaka mwisho.

"Shinani kulikuwa na utepe mweupe?"

"Ulikuwepo. Niliufungua."

"Mama..." A-kim aliweka mkasi chini. "Ule ni wa matanga. Mwenye mmea akifa, mmea nao huvalishwa, uambiwe aliyekuwa anaunywesha hayupo tena. Usimngoje. Usimfuate. Wewe umeuvua. Sasa mmea unamngoja, na anayengojwa huja."

"Niufunge mwingine?"

"Haufungwi na yeyote tu. Hufungwa na mwenye msiba. Mpelekee mwanawe mmea wake aufunge upya. Leo, usingoje kesho."

Pao-yun aliitikia. Namba ya mtoto wa Bibi Ou ilikuwa ukutani kwa mlinzi. Hakupiga siku hiyo. Hakupiga siku iliyofuata.

Aliogopa, nisikudanganye. Siku za mwanzo alikuwa akijifungia bafuni ifikapo saa sita. Lakini ukisema ukweli, ni nani mwingine aliyekuwa akija nyumbani kwake? Miaka mitatu hapakusikika ndara nyingine humo ndani ila zake. Polepole akawa anatoka bafuni. Akawa anakaa kwenye kiti cha jikoni, mgongo umeelekea roshani, mikono mapajani, akisikiliza. Mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Huyu wake alikuja na jembe lake mwenyewe. Wiki ya pili Pao-yun alianza kuacha bakuli la maji ya mchele nje ya mlango, na jioni alilikuta tupu. Hakuwahi kugeuka kutazama, na kutoka nje hakuna aliyemsemesha.

Jumapili Ching-wen alimwambia simuni, "Mama, sauti yako siku hizi imechangamka." Pao-yun alisema ni hewa ya mimea.

Jioni hiyo Mzee Hung alimwita kutoka chini, shingo imepinda.

"Mama Tseng, mnanaa wako haulali hata kidogo. Mimi nikiuona tu nasema, yule mzima, naingia zangu ndani. Kwa roshani ile wewe huwezi kufa."

Alikuwa anatania. Pao-yun alibaki ameshika chuma cha roshani.

Huwezi kufa. Maana yake hata akifa. Akianguka leo, huyu wa saa sita atamwagilia kesho, na kesho kutwa, na mwezi ujao. Mnanaa utasimama. Mzee atainua kichwa, ataridhika, ataingia zake ndani. Bibi Ou alikaa siku kumi na moja. Yeye angekaa mwaka.

Akaamua kumwambia mgeni basi, inatosha.

Jumatatu, jengo lilipolala, alisimama nyuma ya mlango wa roshani.

Chapa... chapa...

Bati likakwaruza.

Akavuta mlango. "Dada Ou," alisema, "naomba..." Akatoa mguu mmoja nje, penye maji yale ya baridi, na mguu ukaondoka.

Alisikia nyonga inavunjika kabla hajasikia maumivu. Alianguka kuelekea ndani, kiwiliwili jikoni, miguu kizingitini. Asiyesikia la mkuu, basi. Simu ilikuwa juu ya kabati, inachajiwa. Alijaribu kujivuta na giza likamfunika.

Alipozinduka alipiga kelele. Mchana ule hakuna aliyesikia. Jioni wimbo wa lori ukapanda ngazi, na yeye akapiga kelele tena kwa nguvu zote zilizobaki, na wimbo ukamfunika. Chini, sauti ya Mzee Hung ikamfikia vizuri kabisa.

"Mnanaa wako unapendeza, mama!"

Kisha mlango wa Mzee ukafungwa.

Jumanne saa sita ndara zilikuja. Alikuwa amelala kifudifudi, hakuweza kugeuza shingo. Alisikia kopo linazunguka chungu hadi chungu, bila haraka, kazi ya mtu anayependa kazi yake. Maji yakatambaa juu ya kigae, yakavuka kizingiti, yakafika kwenye shavu lake. Ulimi wake ulikuwa umevimba kwa kiu. Alijua maji yale ni ya nani. Alijua pia kwamba cha marehemu hakinywewi.

Akanywa.

Yalikuwa machungu kwa kuchacha, na baridi mpaka kwenye meno. Alikunywa mpaka kigae kikakauka.

Jioni lori likaja, likaenda. Mzee hakusema kitu. Kwa nini aseme? Roshani ilikuwa ya kijani.

Jumatano asubuhi alilia kidogo, bila machozi. Alilia zaidi kwa ajili ya Bibi Ou kuliko kwa ajili yake. Sasa alijua siku ya kwanza ilikuwaje, na ya pili. Alijua mtu hulala akisikiliza redio ya jirani ng'ambo ya ukuta. Na jirani alikuwa yeye.

Saa sita ikafika.

Chapa... chapa... chapa...

"Dada," alinong'ona. Midomo ilimpasuka. "Nilisikia harufu. Siku ya sita. Nikafunga dirisha... Nisamehe."

Ndara zikasimama.

"Leo usimwagilie. Nakuomba. Acha mimea ilale. Ikilala... watakuja."

Jua likiunguza. Harufu ya mchele uliochacha, na chini yake harufu nyingine, ile ya mwezi wa sita, aliyoiita tofu.

Kopo likawekwa chini, juu ya kigae.

Tak.

Ndara zikavuka kizingiti. Zikaja ndani.

Kitu kikachuchumaa karibu na kichwa chake. Magoti yakaalika, kama ya mzee yeyote. Alifumba macho. Vidole baridi vikaushika mkono wake wa kushoto, vikaugeuza taratibu, kiganja juu... Mengine hakuyajua.

Mnanaa ulilala saa tisa. Kufikia jioni vyungu vyote vitatu vilikuwa vimeinamia chuma, na Mzee Hung, lori likiwa bado linaimba, aliacha mfuko wake katikati ya barabara na kupanda ngazi mpaka ghorofa ya tano kwa miguu yake mibovu. Aligonga kwa ngumi mpaka ghorofa nzima ikatoka.

A-kim alikuja hospitali siku ya tatu na uji wa viazi vitamu kwenye chombo cha kuhifadhi joto. Alimkuta Pao-yun ameketi, nyonga imetiwa chuma, uso umenawiri. Daktari, Pao-yun alimwambia, hakuelewa. Siku mbili na nusu kwenye joto lile, mtu wa umri wake, na mwili haukuwa umekauka.

A-kim alikuwa anaumimina uji kwenye bakuli alipouona mkono wa kushoto. Akasimama.

"Nani amekufunga hicho?"

"Manesi wanasema nilikuja nacho."

Ulikuwa utepe wa kitambaa cheupe kilichochakaa, umezungushwa mara mbili, fundo dogo limekazwa kwa ustadi juu ya mshipa. Lori la taka lilikuwa limeondoka nao mwezi mzima nyuma. Nesi mmoja alitaka kuukata, Pao-yun akauvuta mkono wake bila kujua kwa nini.

A-kim alikaa kwenye ukingo wa kitanda. Alisema polepole, "Mama. Ulikunywa maji yake?"

Pao-yun akaitikia kwa kichwa.

"Basi amekuhesabu katika mimea yake." A-kim hakuugusa utepe. "Utepe huu hufungwa kwenye kila kilichokuwa kinanyweshwa na marehemu. Amekuambia hayupo tena. Amekuambia usimfuate."

"Ni jambo zuri, sivyo?"

A-kim alifikiri. "Kwenye mmea huwa unaachwa mpaka uoze wenyewe, na kufikia hapo mmea umeshamsahau mwenyewe. Kwa mtu sijawahi kuona. Usiukate tu. Na ukikatika... sijui, mama."

Sasa Pao-yun yuko nyumbani, anatembea kwa fremu. Ching-wen alimtaka ahamie Taipei, na safari hii alisema kwa moyo, lakini mama alikataa. Mzee Hung hatazami mimea tena. Hupanda ngazi kila jioni, agonge, atukane magoti yake, anywe chai, ashuke na kimfuko. Waridi la jangwani lilinyauka wiki ile ile, lote, mpaka shina likawa maganda. Ndara hazijasikika.

Saa sita mchana, jengo likilala, Pao-yun hukaa kwenye kiti cha jikoni, na sasa ameelekea roshani. Anapooga hufunga mkono wa kushoto kwa mfuko wa plastiki. Hajikuni, hafui kwa mkono ule. Hata hivyo utepe unachakaa, maana jasho halizuiliki. Mwezi uliopita ulikuwa na upana wa kidole.

Leo asubuhi ameuhesabu. Zimebaki nyuzi tatu. Na tangu jana anasikia kiu, na maji ya bomba hayaikati.